Mwongozaji akiingia kwenye filamu yake

Nipo nyumbani Gare kwa likizo, ukungu mpaka mlangoni.

Philippa Ndisi-Herrmann, Mkenya, alikwenda Lamu kurekodi ujenzi wa bandari mpya, ule mradi uliozinduliwa 2012. Akiwa kwenye kazi hiyo akasilimu. Basi dokumentari yake, New Moon (2018), ikageuka: bandari ikarudi nyuma, yeye akasimama mbele ya kamera.

Najua kuna mtu atauliza, na wavuvi je? Swali la haki kabisa. Mwaka huohuo wa 2018 Mahakama Kuu ya Kenya iliamuru walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76. Hilo si jambo dogo jamani. Lakini yeye angefanyaje? Aliyeanza kurekodi siye aliyemaliza. Angejificha nyuma ya kamera angetudanganya.

Mimi nilijificha. Kwa kazi ya kozi ya historia ya elimu nilimrekodi bibi kwa simu akieleza alivyoachishwa shule. Nikakata maswali yangu yote, eti ionekane ya kitaalamu. Juzi nimemsikilizisha. Akaniangalia: "Mbona naongea peke yangu kama kichaa? Wewe ulikuwa wapi?"

Kati ya nilivyokata kulikuwa na hiki: "Nakwambia wewe mjukuu wangu, kwa sababu ada yako nimeilipa kwa kabichi."

Nilipata A. Ile rekodi ya mwanzo nilishaifuta.