Tuazime Njia, Tusiazime Sura

Wapo miongoni mwetu wanaodhani kwamba kuuleta nchini mchezo wa televisheni wa vijana wa nchi za nje ni kazi ya fundi cherehani: Eva aitwe Neema, theluji iondolewe, minazi iwekwe, na mchezo uhesabiwe kuwa wetu. Wapo pia wanaodai kwamba kila kitokacho ng'ambo ni sumu, hivyo kipigwe marufuku. Makundi haya hugombana sana, lakini kosa lao ni moja. Yote mawili huutazama mchezo, wala hayamtazami kijana atakayeonyeshwa mchezo huo.

Tuchukue mfano ulio wazi. Mwaka 2015, NRK, shirika la utangazaji la umma la Norwe, lilianza kuonyesha mchezo uitwao Skam, yaani Aibu, unaohusu wanafunzi wa sekondari mjini Oslo. Ulikusudiwa hasa wasichana wa miaka 16. Kabla ya kuuandika, mtunzi wake, Julie Andem, aliizunguka nchi yake akiwahoji vijana juu ya yale wanayoyatamani, wanayoyaogopa na wanayoyaficha. Vipande vyake vilitolewa katika mtandao saa ile ile ambayo tukio lilisemekana kutokea. Ulimalizika mwaka 2017, na katika mwaka 2018 peke yake Ufaransa, Italia, Ujerumani, Hispania, Uholanzi, Ubelgiji na Marekani zilianzisha michezo yao iliyotokana na huo.

Hapa ndipo penye somo. Katika mchezo wa Norwe, wasichana huungana ili wapate basi, kwa sababu huko wanaomaliza sekondari huyapamba mabasi na kusherehekea humo kwa wiki kadhaa hadi tarehe 17 Mei, sikukuu ya taifa lao. Desturi hiyo haiko Texas. Kwa hiyo katika mchezo wa Marekani, uliotengenezwa na Andem huyo huyo mjini Austin, mahali pa basi paliwekwa kikundi cha dansi cha shule. Wajerumani hawakuchukua hata jina. Wao waliuita Druck, yaani Shinikizo. Ikiwa nchi hizo tajiri, zinazofanana na Norwe kwa mengi, zililazimika kujiuliza upya vijana wao wanashindania nini, sisi tunawezaje kutosheka na kubadili majina? Huo ni ukasuku, na ukasuku ni mtoto wa kasumba.

Wala si kweli kwamba kazi hii inatushinda. Mwaka 1993 Redio Tanzania Dar es Salaam ilianza kutangaza mchezo wa Twende na Wakati. Njia iliyotumika kuutunga ilitoka Mexico, ambako Miguel Sabido aliitumia katika michezo ya televisheni ya miaka ya 1970. Lakini Mkwaju, yule dereva wa lori mwenye wanawake katika vituo vya njiani, ambaye hatimaye alipatwa na UKIMWI, hakuwa Mmexico aliyevikwa kanzu. Wasikilizaji walimtambua mara moja, kwa kuwa watu wa namna yake walikuwa wakiwaona kila siku barabarani.

Basi tuwaulize hao mafundi cherehani: kwetu basi la Oslo ni lipi? Binti wa Kidato cha Pili anayekwenda shule kwa miguu, akapewa lifti na mwendesha bodaboda ambaye kesho atadai malipo, ana habari isiyomo katika mswada wowote wa Norwe. Novemba 2021 Serikali iliwafungulia wasichana waliokatisha masomo kwa sababu ya ujauzito mlango wa kurudi shuleni. Uamuzi ule ulikuwa wa haki. Lakini msichana anayerudi darasani, mtoto wake akiwa amebaki kwa bibi, hukutana na minong'ono ya wanafunzi na, yafaa tuseme kweli, ya baadhi ya walimu. Waraka hauna uwezo wa kuizima minong'ono hiyo. Mchezo uliotungwa vema, utakaowafanya watazamaji waione siku nzima kwa macho ya msichana yule, una uwezo huo. Hiyo ndiyo aibu yetu, nayo haitafsiriwi kutoka lugha yoyote.

Atatokea ofisa atakayesema kwamba mambo haya yakionyeshwa yataharibu maadili. Ofisa huyo akumbuke kwamba wanafunzi wanayajua tayari, tena wameyajua bila mtu mzima wa kuwaongoza.

Wajibu wetu, basi, ni dhahiri. Senti ya umma isitolewe kwa mchezo wowote wa kuigwa kabla waandishi wake hawajakaa na kuwasikiliza wanafunzi wa Kigoma, Mtwara na Pemba, si wale wa Masaki peke yao. Walimu wawafungulie milango ya shule, nao wawe tayari kusikia yasiyowapendeza. Wenye mamlaka ya kukagua wasiyafute yale magumu na kutuachia mavazi na muziki tu. Na mtayarishaji asiyekuwa na muda wa kuwasikiliza vijana wetu awaachie mchezo wa Norwe kama ulivyo. Wakiutazama, angalau watajua kwamba wanaitazama Norwe.