Chuo cha Ufundi Si Jalala

Hapa shuleni mtu akianguka mtihani huambiwa, "Wewe utaishia chuo cha ufundi!" Darasa zima hucheka. Mimi siku hizi sicheki.

Kaka yangu yuko huko, anasomea uashi. Chuo chao hakina bweni, kwa hivyo hutoka Kyumbi alfajiri kwa miguu, ovaroli kwapani. Adhuhuri huchangishana na wenzake wanunue githeri. Eti hayo si maisha ya chuo? Mwaka jana alimjengea nyanya msingi wa tangi la maji. Mvua ya Novemba ilinyesha, tangi likajaa pomoni, msingi haukupasuka. Sasa nyanya hachoti maji mtoni tena.

Wazee wetu hawakudharau vyuo vya mashambani. Kule Kitui walichanga pesa za harambee wakaanzisha chuo cha kilimo, UKAI. Mwaka 2008 kikawa chuo kikuu kishiriki, na mwaka 2013 kikawa Chuo Kikuu cha South Eastern Kenya. Je, wangekicheka, kingekua?

Walimu wetu wapendwa, mkitualikia wageni wa kutushauri kuhusu kazi, msilete daktari na wakili peke yao. Leteni na mwashi pia. Serikali ya kaunti nayo ikumbuke mabweni.

Mimi mwenyewe hesabu hunipiga chenga. Nikienda huko kesho, tafadhali msinicheke. Mtaka cha mvunguni sharti ainame.