Kisu cha Bei Nafuu kwa Kazi za Kambini

Tumeletewa suala na mama mmoja ambaye mwanawe wa miaka 13 atakwenda kambini siku nne wakati wa likizo. Katika orodha ya vitu vya kuchukua, baada ya blanketi, kurunzi na sahani ya bati, pameandikwa kisu chenye ala. Mama huyo auliza mambo mawili: je, ni salama kumpa mtoto wa umri ule kisu? Na ikiwa ni lazima, je, cha bei ndogo chatosha? Maana dukani ameonyeshwa vya bei ya kutisha, naye ni mjane mwenye watoto wanne wa kuwasomesha.

Suala hili si dogo. Twawajua wazazi ambao humnyima kijana kisu kabisa, naye akifika kambini huazima cha mwenziwe, kisu asichokijua. Wengine humpa kile cha jikoni kilichokwisha makali, kwa kudhani kuwa kisu butu hakimdhuru mtu. Dhana hiyo ni ya khatari. Kisu kikali huingia katika mti kwa nguvu ndogo, na mkono hubaki umetulia. Kisu butu hutaka kusukumwa, na kinapoteleza nguvu ile yote hukimbilia kidoleni au pajani.

Basi ili tusimjibu mama huyu kwa kubahatisha, tulikichukua kisu kimoja cha bei nafuu kambini, pamoja na wanafunzi wakubwa wa madrasa, huko pwani karibu na Pangani, tukakitumikisha siku tatu mfululizo. Kisu chenyewe ni cha namna isiyokunjwa, yaani bapa lake limekazwa ndani ya mpini wala halina bawaba. Kwa mtoto anayeanza kujifunza twakipenda zaidi kuliko cha kukunja, kwani cha kukunja kisipokuwa na kizuizi imara huweza kujifunga juu ya vidole vya mwenye kukishika.

Tulichokichagua ni kisu cha Mora. Mora ni mji wa Uswidi, katika jimbo la Dalarna, na watu wa pande zile wamekuwa wakifua visu kwa karne nyingi. Mwaka 1891 bwana mmoja aitwaye Frost-Erik Erson, aliyerejea kutoka kazi ya magogo Marekani, alianzisha karakana katika kijiji cha Östnor, jirani na mji huo. Karakana hiyo na nyingine ya jirani zikaungana mwaka 2005, na visu vyao huuzwa leo kwa jina la Morakniv. Huko kwao si pambo hata kidogo. Ni chombo cha seremala, cha mvuvi na cha mkulima, na watoto wa Uswidi hufundishwa kazi za mikono, na kuchonga mti kumo, kama somo la lazima shuleni. Bei yake katika maduka ya Ulaya na Marekani, kwa kile cha kawaida chenye mpini wa plastiki, ni pungufu ya dola 30, ilhali vipo visu vya kambi vya dola 200 na zaidi.

Mtu akitazama tofauti hiyo ya bei atauliza: kilichopunguzwa ni nini? Mpini si wa mti wa thamani wala wa pembe, ni plastiki na mpira. Ala si ya ngozi, nayo pia ni plastiki. Chuma cha ndani ya mpini, ambacho sisi twakiita mkia wa kisu, hakifiki mwisho wa mpini. Ama bapa lenyewe halikupunguzwa kitu. Ni chuma cha pua, urefu wake ni kama sentimita 10, na unene wa mgongo wake ni kama milimita 2 na nusu. Chuma hicho hupashwa moto mkali, kikapozwa kwa ghafla ili kiwe kigumu, kisha kikapashwa tena moto mdogo ili ugumu ule usiwe wa kuvunjika kama kigae. Hapo ndipo ulipo uzima wa kisu chochote. Kisu kilichokosea moto, hata kikipakwa dhahabu, hakitakaa na makali.

Siku ya kwanza tuliwapa vijana kazi ya kuchonga vigingi vya hema kwa matawi ya mvinje yaliyoanguka. Mvinje, kama wajuavyo watu wa pwani, ni mti mgumu. Walichonga vigingi 12 kwa zamu, kila kimoja kina ncha chini na mfuo wa kamba juu. Baada ya kazi hiyo tulijaribu makali kwa karatasi ya daftari, nayo ikakatika, ingawa si kwa wepesi wa asubuhi. Siri yake ni namna makali yalivyochongwa. Bapa limeinamishwa mara moja tu, kutoka kama katikati mpaka kwenye makali, mfano wa patasi. Kwa hiyo laushika mti vizuri, na mkono wa mtoto huhisi kisu kinakokwenda.

Usiku ule ikanyesha mvua, na kuni zote zikalowa. Hii ndiyo kazi ambayo kisu cha kambi hujulikana kwayo. Tulichukua vipande vya ukuni vyenye unene wa kiko cha mkono, tukaegemeza makali juu ya kichwa cha kila kipande, tukaugonga mgongo wa kisu kwa rungu la mti mpaka kipande kikapasuka. Ndani ya ukuni uliolowa mna moyo mkavu. Moyo ule tukauchana nyuzi nyembamba zisizokatika, zikajikunja kama nywele, na kwa kiberiti cha pili moto ukashika. Chai ikanywewa kabla ya jua kupanda.

Lakini msomaji asidhani kuwa hiki ni kishoka. Kwa kuwa mkia wake haufiki mwisho wa mpini, hakikuundwa kwa kupasulia magogo. Ukuni wenye mafundo, au ulio mnene kuliko kiko cha mkono, uachiwe shoka. Nazi nayo iachiwe panga na kifuo. Vijana wawili walitaka kuipasua nazi kwa kisu hiki, nasi tukawazuia.

Kulikuwa na kijana aliyekuja na kisu chake mwenyewe, kikubwa, cheusi, chenye meno mgongoni na dira ndogo juu ya mpini. Wenziwe walikionea ghera. Bei yake, alivyotuambia, ilikuwa mara mbili ya kile chetu. Kilipopigwa mara ya tatu katika ukuni uleule, bapa lilikatika shingoni na kuruka hatua kadhaa. Alhamdulillahi, hapakuwa na mtu upande ule. Tulipoufungua mpini tuliukuta ni bomba tupu, na bapa lilishikwa na msumari mfupi na nati moja. Aliyekiunda hatumtaji, wala hatujui kama ni yeye peke yake aundaye hivyo. Twawaambia wazazi tu kwamba mpini ulio mtupu ndani ni alama ya kukiepuka kisu, na dira inunuliwe mbali.

Katika upishi kisu cha Mora kilitufaa nusu kwa nusu. Kuparua samaki na kumpasua tumbo, kumenya muhogo, kukata kamba ya katani na ya makumbi, hayo kiliyafanya bila taabu. Ama vitunguu na karoti, hapana. Unene wa bapa hufanya kazi ya kabari: karoti haikatiki vipande vyembamba bali hupasuka na kuruka. Mpishi wetu alikirudisha baada ya karoti ya pili akaomba kile cha jikoni. Kwa hiyo mama atoaye kisu kimoja kwa kazi zote asishangae mchuzi ukija na mapande.

Wengi watauliza habari ya kuchinja. Kwa kuku kisu hiki chafaa sana, maadamu kimenolewa. Dini yetu imetuamrisha kunoa kisu na kumpumzisha mnyama, na imetufunza tusikinoe mbele ya macho yake. Kwa mbuzi twapendelea bapa refu zaidi ya sentimita 10, ili koo likatwe kwa mkato mmoja wala mchinjaji asikereze. Kisu kilichotoka katika kuchonga vigingi kisiende moja kwa moja kwenye koo la kuku. Kwanza kipelekwe kwenye kinoo.

Na kunoa kwenyewe ni kwepesi kuliko visu vingi. Laza bapa lile lililoinama juu ya kinoo kilicholowa maji, ulikandamize kidogo mpaka lilale lote bila ya mwanya, kisha lisukume mbele kana kwamba wataka kuchana utando wa juu ya jiwe. Mara 10 upande huu, mara 10 upande wa pili, mpaka uhisi kwa kidole, kwa kupapasa kutoka mgongoni kuelekea makali na si kwa kufuata makali, ukingo mwembamba wa chuma uliopinda. Malizia kwa kupitisha taratibu juu ya mkanda wa ngozi, mgongo wa kisu ukitangulia. Mtoto wa miaka 13 hujifunza hayo kwa alasiri moja.

Visu hivi huuzwa kwa namna mbili za chuma. Namna moja ina kromiamu kiasi cha sehemu 13 na nusu katika 100, na kwa hiyo haishiki kutu upesi. Ya pili ni chuma cha kaboni kisichokuwa na kinga hiyo. Hiyo ya pili hupendwa na mafundi kwa makali yake, lakini sisi tuishio karibu na bahari twashauri ya kwanza bila kusita. Chuma cha kaboni kikilala usiku mmoja na maji ya chumvi huamka na madoa.

Sasa turudi kwenye suala la kwanza la mama huyu. Mpe kisu, mama, lakini usimpe dukani ukaondoka. Kaa naye, au mtafutie mjomba au fundi seremala akae naye, majuma mawili kabla ya safari. Ajue kuwa kabla ya kuchomoa kisu hunyosha mkono wake pande zote, na akimgusa mtu hakichomoi. Ajue kukata kwa kusukuma mbali na mwili. Asichonge kamwe juu ya paja, kwani upande wa ndani wa paja mna mshipa mkubwa wa damu, na jeraha la hapo huua kwa dakika chache. Akae, aweke viwiko juu ya magoti, kazi iwe mbele ya magoti yake. Na akimpa mwenziwe kisu ampe kikiwa ndani ya ala. Mtume, rehema na amani zimfikie, amekataza kupeana upanga ulio wazi, na kisu kimo katika hukumu hiyo. Akiweza hayo yote mbele yako bila kukumbushwa, yu tayari. Asipoweza, aende kambini bila kisu, afanye kazi ya kuteka maji. Binti naye ni vivyo hivyo. Wasichana wa darasa letu walichonga vigingi vilivyonyoka kuliko vya ndugu zao.

Njiani kisu kikae ndani ya mzigo, si kiunoni. Wasomaji wetu walioko England na Wales wafahamu kuwa sheria ya mwaka 1988 yakataza kuchukua kisu cha namna hii mahali pa watu wote bila ya sababu njema. Safari ya kambi yaweza kuwa sababu, lakini kukisahau mfukoni sokoni siyo.

Arudipo, kisu kioshwe kwa maji matamu, na ala yake isuuzwe pia, kwani mchanga wa pwani hujificha humo na kuyala makali kila kinapochomolewa. Vikaushwe mbalimbali usiku kucha, ndipo kirudi alani, kisha kiwekwe juu ya kabati pasipofika mikono ya wadogo.