Ugonjwa wa Saa Hauko Kwetu

Kwenye kilio, kwenye harusi, kwenye mkutano wa kartye, hakukosi mtu wa kusimama na kusema: "Sisi Waafrika tuko na ugonjwa wa saa!" Watu wanacheka, wanapiga makofi, njo mkutano unaanza. Sisi wa chama hiki tumechoka kucheka. Neno hilo limerudiwa kanisani, kazini na kwenye redio mpaka watoto wetu wanaliamini kama wanavyoamini malaria, tena wanafikiri limo ndani ya damu. Hakuna daktari aliyewahi kuupima ugonjwa huo.

Mwenye kusema hivyo aende asubuhi moja Birere, kwenye mpaka mdogo, mbele haujafunguliwa. Atakuta wamama wa biashara wamekwisha kupanga mstari, mabeseni kichwani, kwa sababu wanajua kuchelewa nusu saa ni kupoteza faida ya siku nzima. Watu wa chukudu nao, wakati barabara ya Kibumba iko wazi, wanaondoka na viazi na kabichi kungali giza. Hao ni Waafrika ama ni Waswisi?

Anayechelewa tunamjua. Ni mkubwa. Watu wanaitwa saa nne, wanakaa kwenye viti vya plastiki, watoto wa masomo wanasimama juani na nyimbo zao, na yeye anafika saa saba na gari tatu. Yeye hatumuite mgonjwa, tunasema ana kazi mingi. Na mwalimu anayengoja mshahara miezi na miezi, saa iliyoharibika hapo ni ya nani? Kuchelewa ni alama ya nguvu: mdogo anangoja, mkubwa anangojewa. Tuseme hivyo wazi, tuache kuisingizia ngozi.

Kuna wanaodharau hata hesabu yetu ya saa. Eti kuita saa moja ile ambayo Mzungu anaita saba ni kuchanganyikiwa. Lakini Goma iko karibu sana na mstari wa ikweta, chini yake kwa digrii moja na nusu na zaidi kidogo, na saa ya Mashariki ya Kongo inaachana na ile ya Kinshasa kwa saa nzima. Kwa hiyo jua linatoka kwetu karibu na saa kumi na mbili kamili, mwaka mzima, likitofautiana dakika chache tu. Saa ya kwanza ya mchana ni saa moja. Kuna fasi gani duniani ambako hesabu hii inakaa sawa kuliko hapa? Nairobi na Dar es Salaam wanatumia hesabu hii hii, na kwao jua linatoka likiwa limechelewa karibu nusu saa, wala hawaoni haya.

Waliosoma wanatuletea kitabu. Mkenya John Mbiti, padri wa Kianglikana, aliandika mwaka wa 1969 kwamba Mwafrika wa asili ana "sasa" na "zamani", lakini wakati ujao karibu hana, pengine miaka miwili tu. Alitegemea sana vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu. Tunamheshimu Mbiti, alitetea dini za wazee wetu wakati wengi walizitukana. Hapa alipotea. Anayepanda mikaratusi Masisi ili mwanawe aje kuikata, anaipanda ndani ya wakati gani? Na likelemba? Watu kumi na wawili wanatoa pesa kila mwezi, na wa mwisho anangoja zamu yake mwaka mzima bila karatasi. Watu wasio na kesho hawawezi likelemba hata wiki mbili.

Halafu kuna mfupa wa Ishango. Mbelgiji Jean de Heinzelin aliufukua mwaka wa 1950 kando ya ziwa Edward, hapa hapa Kivu ya Kaskazini. Umri wake unakadiriwa miaka elfu ishirini na zaidi. Uko na mistari mitatu ya alama: 60, 60 na 48. De Heinzelin aliona ni hesabu za namba. Mmarekani Alexander Marshack aliona ni kalenda ya mwezi wa angani. Wabishane. Mfupa wenyewe uko Brussels, na sisi wenye ziwa tunaambiwa hatujui kuhesabu siku.

Jambo linalotuuma zaidi liko kwenye ofisi za etasivili. Sheria ya 2016 inatoa siku 90 za kuandikisha mtoto. Zamani zilikuwa 30. Ukipita hapo, unahitaji hukumu ya korti. Mama anafika na kusema: "Alizaliwa siku tatu kisha volkano, ile iliyounguza katedrali." Karani anacheka, anaandika "karibu na 2002", na kijana anabeba umri wa kubahatisha mpaka kwenye mtihani wa Leta na kwenye pasipoti. Kumbe mama amesema tarehe kamili! Volkano ile ilitoka tarehe 17 Januari 2002. Siku tatu kisha ni tarehe 20.

Watatuambia matukio yanachanganyika. Ni kweli, tuko na volkano ya 1977, ya 2002 na ya 2021. Tuko na M23 ya Novemba 2012 na ya Januari 2025. Ndiyo sababu mzee hasemi "volkano" peke yake. Anasema ile iliyopita mjini kati mpaka ziwani, ama ile iliyosimama Buhene, ambayo kisha yake tulihamishwa mbio kwenda Sake. Karani aulize swali moja tu.

Na wanaopima utapiamlo wa watoto wanafanya nini? Wanatembea na kalenda ya matukio ya mahali: mavuno, vita, volkano, sikukuu, ili wajue miezi ya mtoto. Kwenye karatasi yao inaitwa mbinu ya kazi, kwenye mdomo wa nyanya yetu inaitwa ugonjwa. Sensa ya mwisho ya nchi hii ilifanywa mwaka wa 1984. Nani basi aliyeshika hesabu ya watu tangu hapo, kama siyo hao wazee?

Tunaomba komini ya Goma na ya Karisimbi zibandike ukutani kalenda kama hiyo, karibu na meza ya karani. Chama kiko tayari kuiandika, na wazee wa kartye wamekwisha kuanza kutuletea majina ya miaka.