Kinyago Kimechongwa, Kitabu Je? Uchongaji wa Kisasa na Deni la Wanakiswahili

Wahenga walinena kwamba kinyago ulichokichonga mwenyewe hakiwezi kukutisha. Aghalabu methali hii hutumiwa kumkemea aliyeinuliwa na mwenzake kisha akamsahau. Hata hivyo, inaweza pia kusomwa kwa maana yake ya kawaida, ile ya gogo, tezo na fundi. Mchongaji hakiogopi kinyago kwa kuwa anaijua siri yake. Alikiona kikiwa mti tu. Je, mambo huwaje pale ambapo kinyago kimechongwa na wenyeji, lakini kitabu kinachokieleza kimeandikwa na wageni, kwa lugha ya wageni? Makala haya yanashikilia kwamba hapo kinachotisha si kinyago tena bali ni kitabu, na kwamba wanaopaswa kukiondoa kitisho hicho, kabla ya mtu mwingine yeyote, ni wanafunzi na walimu wa Kiswahili.

Mfano wa kwanza na utoke mlimani. Mji wa Kapsokwony, katika Kaunti ya Bungoma, umekaa kwenye miteremko ya kusini ya Mlima Elgon, makao ya Wasabaot. Mlima huo una mapango mengi na makubwa. Mwaka wa 1883 msafiri Mskoti, Joseph Thomson, alifika katika mlima huo akakuta baadhi ya mapango yakikaliwa na watu pamoja na mifugo yao. Katika kitabu chake, Through Masai Land, kilichotoka mwaka wa 1885, Thomson alikisia kuwa mapango hayo yalichimbwa na taifa fulani la kale lenye maarifa makubwa, hata akawaza juu ya Wamisri. Tafiti za baadaye zimeeleza mambo kwa namna nyingine kabisa. Katika pango la Kitum, tembo huingia gizani wakakwangua kuta kwa pembe zao ili wapate chumvi iliyomo mwambani. Binadamu nao walichimba chumvi hiyo kwa ajili ya mifugo. Maji, pembe na mikono ya watu vimeshirikiana kuyapanua mapango hayo. Kwa hiyo, palipokuwa na kazi ya wenyeji na wanyama wao, mwandishi wa kwanza aliona kivuli cha Misri. Wasabaot waliolala humo na kuchimba humo waliingia kitabuni kama wapangaji tu katika nyumba ya mtu mwingine.

Kisa hiki si cha uchongaji kwa maana kamili ya neno hilo, ila kinaonyesha jambo ambalo mchongaji yeyote angelielewa: anayeandika kwanza ndiye anayetoa maelezo ya kwanza, na maelezo ya kwanza huchukua miaka mingi kung'oka.

Ili kuona jinsi vitabu vinavyoweza kuijenga au kuitelekeza sanaa ya taifa, yafaa kuitazama Marekani. Katika karne ya 19, wachongaji wengi wa nchi hiyo walivuka bahari kwenda Roma na Florence kutafuta ujuzi, na kazi zao zilionekana kama mwangwi tu wa Ulaya. Leo hali ni tofauti. Rafu nzima zimejaa vitabu kuhusu uchongaji wa Marekani, tangu Sculpture in America cha Wayne Craven cha mwaka wa 1968, hadi Passages in Modern Sculpture cha Rosalind Krauss cha mwaka wa 1977, kinachowaweka Wamarekani bega kwa bega na Wazungu. Mtu kama David Smith, aliyewahi kufanya kazi katika kiwanda cha magari kisha akaanza kuunganisha vipande vya chuma kuwa sanamu, hakuachwa aitwe fundi wa vyuma tu. Wahakiki walimwandikia vitabu. Vitabu hivyo ndivyo vilivyowafundisha wasomaji kuwa vyuma vile ni uchongaji, na kuwapa msamiati wa kuvizungumzia.

Lakini Marekani hiyo hiyo inatoa pia somo chungu. Mwaka wa 1939, mchongaji mweusi Augusta Savage aliiandalia Maonyesho ya Dunia ya New York sanamu kubwa iliyoitwa The Harp, yaani kinubi. Nyuzi za kinubi hicho zilikuwa waimbaji weusi waliosimama safu kwa safu, nao ubao wake ulikuwa mkono wa Mungu. Wazo lake lilitokana na utenzi wa James Weldon Johnson uliogeuka kuwa wimbo maarufu wa Wamarekani weusi. Sanamu hiyo iliundwa kwa plasta. Pesa za kuisubu kwa shaba hazikupatikana, wala mahali pa kuihifadhi, na maonyesho yalipokwisha ilivunjwa. Leo inajulikana kwa picha na maandishi tu. Miaka minne baadaye, mwaka wa 1943, James A. Porter wa Chuo Kikuu cha Howard alichapisha Modern Negro Art, kitabu kilichowakusanya wasanii weusi wa Marekani na kuwapa historia yao. Porter hakungoja wanahistoria wa makabaila wamkumbuke mtu wake. Alijua kwamba plasta huvunjika, mbao huliwa na mchwa, na kwamba kitabu ndicho ghala la mwisho.

Je, ghala la Afrika Mashariki liko wapi? Wachongaji hawakukosekana. Gregory Maloba alizaliwa Mumias mwaka wa 1922, eneo la magharibi ya Kenya lililo jirani na Bungoma. Alisomea Makerere chini ya Margaret Trowell, aliyeanzisha mafunzo ya sanaa huko mwaka wa 1937, kisha akawa mwalimu papo hapo, na baadaye akafundisha katika Chuo Kikuu cha Nairobi. Mnara wa Uhuru wa Kampala wa mwaka wa 1962, ule wa mama aliyefungwa vitambaa mwilini akimwinua mtoto juu, ni kazi yake. Elkana Ong'esa, mwana wa Tabaka ya Kisii, alilichonga jiwe la kwao hadi ndege wake wa amani akatua katika makao makuu ya UNESCO jijini Paris. Wangechi Mutu, mzaliwa wa Nairobi, aliweka sanamu nne za wanawake wa shaba mbele ya Jumba la Makumbusho la Metropolitan jijini New York mwaka wa 2019. Sanamu hizo zilikaa katika vishubaka vya ukuta vilivyokuwa vitupu tangu mwaka wa 1902.

Mwanafunzi wa Kapsokwony anayetaka kumjua mmoja wa watu hawa hana budi kupitia Kiingereza. Akikipekua kitabu cha Kiswahili cha shule au cha chuo, atapata wasifu wa washairi na waandishi wa riwaya, na hilo ni jema. Wachongaji ni nadra kuwakuta humo. Hatari yake si ya kinadharia. Mwaka wa 1997 moto uliteketeza jengo la Paa ya Paa jijini Nairobi, kituo cha sanaa kilichoanzishwa na Elimo Njau na wenzake mwaka wa 1965, ukala kazi za sanaa zilizokuwamo. Kazi iliyoungua kabla ya kuandikiwa imekufa mara mbili.

Wapo watakaopinga. Pingamizi la kwanza ni la lugha: kwamba Kiswahili hakina maneno ya kuuelezea uchongaji wa kisasa. Pingamizi hili halina mashiko. Fundi wa Kiswahili ana tezo, patasi, tindo, randa na msasa. Anachonga, anakereza, anafinyanga, anasubu, analehemu na kutia nakshi. Mlango wa Lamu au Unguja una miimo, mfaa na kizingiti, na kila kipande kina jina kabla mtaalamu yeyote hajakitafutia istilahi. Isitoshe, wachonga milango hao walikwisha kuutatua mapema mgogoro mmoja mkubwa wa uchongaji wa kisasa. Wamarekani walipoanza kuunda sanamu zisizo na uso wala umbo la mtu, watazamaji wengi waliuliza, "Hii ni sanamu ya nini?" Aliyekua akipita mbele ya milango ya Waswahili hana haja ya kuuliza swali hilo. Anajua kuwa mti unaweza kusema kwa mistari, majani na minyororo bila kuchongwa sura ya mtu yeyote.

Fauka ya hayo, Kiswahili tayari kimekopesha wengine. Vitabu vya Kiingereza kuhusu uchongaji wa Wamakonde huzitaja mitindo yake kwa majina ya ujamaa, shetani na mawingu. Ujamaa ni ule wa watu waliopandana kuuzunguka mpingo mmoja, shetani ni ule wa viumbe wa kutisha, na mawingu ni ule wa maumbo yanayokaribia kupoteza sura. Ni ajabu kuwa lugha inayowapa wageni istilahi zao iambiwe na wenyewe kuwa haina istilahi.

Pingamizi la pili ni la mipaka ya taaluma: kwamba uchongaji una idara yake, na mwanafunzi wa fasihi ashughulike na fasihi. Jibu limo katika mhadhara wa kwanza kabisa wa fasihi. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza huambiwa kuwa fasihi ni sanaa itumiayo lugha, kama uchongaji unavyotumia mti na uchoraji unavyotumia rangi. Baada ya sentensi hiyo, mchongaji huondolewa ukumbini asirudi tena hadi siku ya mahafali. Ametumiwa kama ngazi tu ya kupandia kwenye riwaya. Lakini Krauss, aliyetajwa hapo juu, anakianza kitabu chake cha uchongaji kwa kumrejelea Lessing, mhakiki Mjerumani aliyetofautisha mwaka wa 1766 baina ya ushairi unaosonga katika wakati na uchongaji unaokaa katika nafasi. Ikiwa mhakiki wa uchongaji anaweza kubisha hodi kwa mhakiki wa ushairi, mhakiki wa ushairi wa Kiswahili anaogopa nini kubisha hodi ya upande wa pili? Anayeweza kueleza taswira katika shairi anaweza kueleza sanamu, mradi akubali kwanza kukaa mbele yake na kuitazama.

Pingamizi la tatu ni zito zaidi, nalo ni la soko. Mchapishaji atauliza ni nani atakayekinunua kitabu hicho, na hana kosa. Vitabu vya Kiswahili vinavyouzwa kwa wingi ni vile vilivyoteuliwa kutahiniwa. Hata hivyo, mtaala wa umilisi nchini Kenya umeweka sanaa na michezo kuwa mojawapo ya mikondo mitatu ya sekondari ya juu. Msomaji wa kitabu hicho basi anaandaliwa na serikali yenyewe. Katiba ya mwaka wa 2010 nayo, katika kifungu cha 7, inakitambua Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi. Ikiwa lugha rasmi haiwezi kumfundisha kijana kuhusu sanamu zilizochongwa na jirani zake, urasmi huo utabaki wa karatasini.

Kinachohitajika hakiwazidi uwezo wanachama wa vyama vya Kiswahili vyuoni. Mwanafunzi anayerudi likizoni kwao anaweza kumtembelea fundi mmoja akaandika majina ya zana zake, hatua za kazi yake na maneno anayoyatumia pasipo kamusi. Anayetoka Bungoma au Kitale anaweza kuanzia Makumbusho ya Kitale, yaliyotokana na mkusanyiko wa mlowezi, Kanali Hugh Stoneham, na kufunguliwa kama makumbusho ya taifa mwaka wa 1974, akauliza kila kifaa kiliundwa na watu gani na kiliitwaje kwa Kisabaot au Kibukusu. Maneno hayo yaingie Kiswahili kwa heshima, na asili yake itajwe, ili Kiswahili kisiwafanyie Wasabaot kile ambacho kitabu cha mwaka wa 1885 kiliwafanyia. Idara nazo zinaweza kukubali tasnifu za uzamili zinazomhakiki Maloba kama zinavyomhakiki Shaaban Robert. Tasnifu kumi za namna hiyo ni sura kumi za kitabu.

Si lazima kitabu cha kwanza kiwe bora. Kitakuwa na makosa, na hilo si la kuonea haya. Hata Thomson alikosea, na makosa yake yalisomwa kwa miaka mingi kwa sababu tu hakukuwa na kitabu kingine cha kumjibu. Mwanafunzi wa Kapsokwony atakayechagua mkondo wa sanaa anastahili walau kitabu kimoja cha lugha yake ambacho anaweza kubishana nacho. Vinyago vimekwisha kuchongwa, na baadhi ya waliovichonga wamekwisha kuiaga dunia. Maloba alifariki mwaka wa 2007. Waliobaki wangali karakanani, na wengi wao wanazungumza Kiswahili. Wanakiswahili na wawaendee sasa.