Nunueni Mbuzi Wetu Wangali na Nyama

Huku kwetu Mwingi, kaunti ya Kitui, mvua tunayoitegemea ni ya Oktoba hadi Desemba. Ile ya Machi hatuiamini sana. Kuanzia mwishoni mwa 2020 hadi mwishoni mwa 2022 misimu mitano ilipita mfululizo bila mvua ya maana, nikaona ufukara unavyobisha hodi: anauzwa beberu, kisha mbuzi mwenye mimba, kisha unakatwa mti.

Mti ndio unaoniuma. Mama akikata mgunga achome makaa, wengi humwita mharibifu wa mazingira. Mimi naona karo ya shule na debe tupu la mahindi. Mwaka 2018 kaunti ilipiga marufuku usafirishaji wa makaa, lakini watoto wa mama huyo walihitaji kula jioni ileile.

Kinachotumaliza ni kuchelewa. Utabiri hutangazwa mapema, ila mpango wa serikali wa kununua mifugo hufika wanyama wakiwa mifupa, na dalali mnadani ameshajipangia bei. Ununuzi uanze mbuzi wangali na nyama, ili tupate pesa za nafaka na za majani ya kuwalisha waliobaki.

Na mchanga wetu ulindwe. Ukuta uliojengwa kukatiza mto wa msimu hushika mchanga, na ndani yake maji hukaa miezi bila kukaushwa na jua. Tunafukua, tunachota. Lori linalozoa mchanga huo usiku kwa ajili ya majumba ya mjini linaondoka na maji yetu. Dereva akamatwe, na aliyemtuma ashtakiwe pia.