Njia Mbili Jedwalini, Mtaro Mmoja Ardhini: Somo la Mei 2024 kwa Kyela na Mwambao wa Ziwa Nyasa

Jumapili ya tarehe 12 Mei, 2024, watumiaji wa intaneti nchini Tanzania na katika nchi kadhaa za Afrika Mashariki na Kusini walipata huduma hafifu, na wengine walikosa huduma kabisa. Siku hiyo hiyo, aliyekuwa Waziri wa Habari, Mawasiliano na Teknolojia ya Habari, Nape Nnauye, aliujulisha umma kuwa chanzo kilikuwa hitilafu katika kebo za baharini za EASSy na SEACOM, katika eneo lililo kati ya Msumbiji na Afrika Kusini. Watoa huduma walihamishia mawasiliano kwenye njia zilizosalia, na huduma ikarejea hatua kwa hatua.

Tukio hilo liliibua swali ambalo umuhimu wake haujapungua. SEACOM ilianza kutoa huduma mwaka 2009 na EASSy mwaka 2010, na zote mbili zinatia nanga Dar es Salaam. Nchi ilikuwa na njia zaidi ya moja ya kuifikia dunia. Iweje basi hitilafu ya siku moja iwaguse wananchi wengi kiasi hicho? Jibu la swali hilo linaihusu Kyela, wilaya iliyo mbali na bahari, kama linavyoihusu Dar es Salaam.

Kila taarifa inayosafiri katika mtandao hugawanywa katika vipande vidogo viitwavyo pakiti. Pakiti hupokelewa na mashine iitwayo ruta, ambayo kazi yake ni kuamua kipande kielekezwe wapi. Ruta huamua kwa kusoma jedwali la njia, yaani orodha inayoonesha kila kundi la anwani, kituo kinachofuata kuelekea huko, na gharama ya kupitia njia hiyo. Ruta kubwa za intaneti duniani hubeba majedwali yenye njia zaidi ya 900,000. Taarifa za majedwali hayo hubadilishwa kati ya mtandao na mtandao kwa itifaki ya BGP, ambayo maelezo yake ya kwanza yalichapishwa mwaka 1989.

Faida ya mpangilio huu ni kwamba eneo moja linaweza kufikiwa kwa njia zaidi ya moja. Njia bora hutumika, na nyingine hukaa akiba. Njia kuu ikikatika, ruta hupashana habari, njia iliyokufa hufutwa jedwalini na njia ya akiba huchukua nafasi yake. Ndani ya mtandao mmoja kazi hiyo inaweza kukamilika kwa sekunde chache. Kati ya mitandao mingi duniani huweza kuchukua dakika kadhaa. Mwananchi huenda asitambue kuwa lolote limetokea.

Hata hivyo, jedwali la njia lina upungufu mmoja mkubwa: halijui ardhi. Linaonesha njia mbili kama mistari miwili inayojitegemea, hata kama nyaya za njia hizo zimelala katika mtaro mmoja au zimefungwa kwenye daraja moja. Ndivyo ilivyodhihirika Mei 2024. EASSy na SEACOM ni kebo mbili zenye wamiliki tofauti, lakini upande wa kusini zote hufuata mwambao ule ule na kutia nanga Mtunzini, katika jimbo la KwaZulu-Natal, Afrika Kusini. Kwa upande wa kaskazini, kebo kadhaa zinazopita Bahari ya Shamu, ikiwemo SEACOM, zilikwishaharibika mwezi Februari mwaka huo. Kwa hiyo, akiba iliyoonekana kuwa nene katika hesabu ilikuwa nyembamba katika hali halisi.

Kwa wakazi wa Kyela hoja hii si ngeni. Wilaya hii iko katika uwanda wa chini ulio kaskazini mwa Ziwa Nyasa, unaopokea maji ya mito ya Kiwira, Mbaka, Lufilyo na Songwe kutoka milimani. Mvua zake ni miongoni mwa mvua nyingi zaidi nchini, na mafuriko ya masika yanafahamika. Upande wa mashariki, kuanzia Matema, Milima ya Livingstone huteremka hadi ukingoni mwa maji, hivyo wananchi wengi wa mwambao hutegemea vyombo vya majini. Msafiri wa huko anaelewa bila kufundishwa kwamba njia mbili zinazovuka daraja moja ni njia moja, na kwamba mbadala wa kweli wa barabara iliyozama ni meli.

Mikongo ya mawasiliano ya nchi kavu kwa kawaida hupitishwa kando ya barabara au juu ya nguzo za umeme. Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano, unaosimamiwa na Shirika la Mawasiliano Tanzania (TTCL), ulijengwa kwa mizunguko, ili kebo ikikatika upande mmoja mawasiliano yazunguke upande wa pili. Faida hiyo hupatikana kwa eneo lililo ndani ya mzunguko. Eneo lililo mwisho wa tawi hukatika tawi linapokatika, hata kama mzunguko wote ni mzima. Barabara ya kutoka Uyole kupitia Tukuyu hadi Kasumulu ina sura ya tawi la namna hiyo: mwisho wake ni Mto Songwe, mpaka wa Tanzania na Malawi.

Hapo ndipo umuhimu wa Kasumulu unapojitokeza. Mkongo wa Taifa umeunganishwa na Malawi kupitia mpaka huo, na Zambia kupitia Tunduma. Kwa Malawi, nchi isiyo na pwani, Kasumulu ni mlango wa kuelekea Bahari ya Hindi. Kwa Tanzania ni chanzo cha mapato, na inaweza pia kuwa njia ya akiba. Lakini thamani ya akiba hiyo hutegemea mawasiliano yanaelekea wapi yakishavuka mpaka. Yakiishia katika kebo zile zile za baharini kupitia pwani ya kusini, jedwali litakuwa limeongezewa mstari mpya, lakini hatari itabaki ile ile.

Jambo la pili ni uwezo wa njia. Viungo viwili vinavyofanya kazi kila kimoja kwa asilimia 70 ya uwezo wake vinaonekana kuwa salama. Kimoja kikikatika, kilichobaki hutakiwa kubeba asilimia 140, jambo lisilowezekana. Ruta itakuwa imetimiza wajibu wake, njia itaonekana jedwalini kuwa hai, lakini mwananchi atasubiri ukurasa usiofunguka. Kwa sababu hiyo, akiba ya kweli hupimwa kwa kiasi kinachoachwa wazi kila siku kwa ajili ya siku ya dharura.

Jambo la tatu ni kupunguza ulazima wa kusafiri mbali. Pakiti inayotoka Kyela kwenda Mbeya haina sababu ya kupita ng'ambo ya bahari. Vituo vya kubadilishana mawasiliano ya intaneti, vilivyoanzia Dar es Salaam na kisha kufika mikoa mingine ikiwemo Mbeya, huwezesha mitandao ya ndani kukutana ndani ya nchi. Mifumo inayohifadhiwa nchini, na inayofikiwa kupitia vituo hivyo, huweza kuendelea kufanya kazi hata kebo za baharini zinapokatika.

Athari za suala hili ni za kila siku. Kakao ya Kyela huuzwa kwa mfumo wa stakabadhi ghalani, na minada yake huendeshwa kwa njia ya kielektroniki. Malori yanayovuka Kasumulu husubiri nyaraka za forodha zipite katika mifumo ya mtandao. Saa chache za kukatika kwa mawasiliano huwa gharama kwa mkulima, kwa dereva na kwa mapato ya Serikali.

Wananchi wanaofuatilia matangazo ya miradi ya mawasiliano wana haki ya kuvuka idadi ya kilomita zinazotajwa na kuuliza mambo matatu: njia mpya inapita wapi ikilinganishwa na ya zamani, ina nafasi kiasi gani ya kubeba mzigo wa njia nyingine ikikatika, na imejaribiwa lini kwa kuzimwa njia kuu makusudi. Swali la mwisho ndilo lenye uzito zaidi, kwa kuwa njia ya akiba isiyojaribiwa hujulikana hali yake siku ile inapohitajika. Kwa Kyela, wakati mwafaka wa jaribio hilo ni kiangazi, kabla mito haijajaa.